Anajua Kulia Huyu

Video ile ilinifikia hosteli siku ya Alhamisi, wiki moja kabla ya mitihani. Ina urefu wa dakika moja na nusu hivi. Mtoto wa miaka 10, amevaa koti la mtu mzima linalomfika magotini, anaigiza mlevi aliyerudi nyumbani na kukuta mke kahama na sufuria zote. Anaita, hajibiwi. Anachungulia ndani, anatoka. Halafu anakaa kwenye gogo na kulia. Si kile kilio cha maigizo ya mahafali, cha kujifuta macho makavu. Machozi yanashuka kweli, kamasi zinashuka, mabega yanatikisika. Katikati ya kilio anaita "Mama! Mama!" badala ya kumwita mke, na hapo ndipo watu wote tulipovunjika mbavu: mlevi mzima, ndevu za mkaa, anamlilia mama yake.

Mtoto huyo ni mtoto wa dada yangu. Gogo ni la nyuma ya nyumba ya Bibi, Namawala.

Niliwaonyesha wenzangu wanne chumbani, wakacheka mpaka mmoja akamwaga uji. Nikaituma kwenye kundi la darasa, nikaandika: "Huyu ni mwanangu jamani. Anajua kulia huyu!" Kufikia jioni watu ambao sijawahi hata kusalimiana nao walikuwa wananiita "Mama Mlevi". Sitadanganya, nilijisikia vizuri. Sisi watu wa bonde la Kilombero tukitajwa chuoni ni mchele na mbu. Safari hii tulitajwa kwa kipaji.

Nataka niandike jinsi nilivyokuja kuijua ile video vizuri. Lakini kwanza nieleze kwa nini niliipenda haraka vile.

Nilizaliwa 2003. Nilipokuwa na miaka saba, minane, sinema kwetu ilikuwa banda la video: kuta za mabanzi, turubai, jenereta nje, na televisheni moja iliyowekwa juu kama sanamu kanisani. Watoto tulikaa chini mbele, wakubwa kwenye mabenchi nyuma. Ukikosa hela ya kiingilio unachungulia kwenye tundu mpaka ufukuzwe. Mchana picha za ngumi, jioni Bongo Movie.

Na kwenye Bongo Movie, sisi wadogo hatukuwa tunamfuata Kanumba kama wakubwa walivyomfuata. Tulikuwa tunawafuata watoto wake. Steven Kanumba alikuwa na filamu alizoigiza na watoto, kama This Is It na Uncle JJ, na humo kulikuwa na wawili tuliowajua kwa majina ya Jenifa na Patrick. Walikuwa wanajibizana na watu wazima, wanawapangia, wanawaaibisha mbele za wageni. Kwetu mtoto akijibizana na mkubwa anajua kitakachofuata. Kwa hiyo tulipomwona Jenifa anamjibu Kanumba na Kanumba anaishiwa maneno, banda zima la chini lilikuwa linapiga kelele. Mimi nilikuwa Jenifa kwa miaka miwili. Nilibana sauti kama yake mpaka Bibi akadhani nina mafua.

Nimekuja kujua nikiwa mkubwa kwamba Jenifa jina lake ni Hanifa Daudi, na Patrick ni Othman Njaidi. Fikiria hilo. Tuliwapenda kiasi hicho na hatukuwahi kujiuliza wanaitwa nani, wanasoma shule gani, wanalala saa ngapi, ile pesa inakwenda kwa nani. Soko la filamu za wakati ule lilikuwa hivi: mara nyingi mtayarishaji aliiuza filamu kwa msambazaji kwa malipo ya mkupuo, halafu nakala zikatembea nchi nzima mpaka kwenye mabanda kama letu. Mwigizaji alikuwa amekwisha kulipwa alicholipwa. Sisi tuliotoa kiingilio kila wiki hatukuwa tunamlipa Jenifa hata senti.

Kabla yao alikuwepo mwingine, Elizabeth Michael, Lulu. Dada yangu ndiye aliyemfahamu zaidi. Lulu alianza kuigiza na kundi la Kaole akiwa na miaka kama mitano tu, enzi zile tamthilia za Kaole zikirushwa ITV na waliokuwa na televisheni wakijaziwa majirani sebuleni. Alizaliwa Aprili 1995. Maana yake Watanzania walimwona aking'oka meno, akirefuka, akiingia ujana, yote kwenye kioo. Alipofika umri wa sekondari tayari alikuwa anaigiza visichana vya mjini vyenye mambo ya watu wazima, na watu wakaanza kumsema mtaani kana kwamba zile nafasi ndizo maisha yake.

Usiku wa kuamkia Aprili 7, 2012, Jumamosi ya Pasaka, Kanumba alifariki. Nilikuwa na miaka tisa. Nakumbuka banda lilionyesha filamu zake siku nzima na hakuna aliyepiga kelele. Kesi iliyofuata siirudii hapa. Mahakama ilishamaliza kazi yake, na Lulu alirudi kwenye kazi yake pia. Foolish Age ilitoka 2013, na mwaka 2016 filamu yake ya Mapenzi ya Mungu ilipata tuzo ya AMVCA kule Lagos kama filamu bora ya Afrika Mashariki. Ninachotaka kukumbusha ni kitu kimoja tu. Mwanzoni kabisa mwa kesi ile, kilichobishaniwa ni umri wake. Mawakili wake walisema ana miaka 17, hati ya mashtaka ilisema 18. Nchi nzima ilikuwa imemtazama akikua, tena mbele ya kamera, na bado watu hawakukubaliana kama ni mtoto au mtu mzima.

Mimi nilikuwa nasoma ualimu, saikolojia ya mtoto nimeifaulu vizuri tu, na mtoto wa miaka 10 wa nyumbani kwetu nilikuwa namwita Mlevi.

Mitihani ilipoisha nikapanda basi mpaka Ifakara, nikalala kwa shangazi, asubuhi nikachukua bodaboda kwenda Namawala. Dereva aliposikia ninakoenda akauliza, "Kwa kina Mlevi?" Nikacheka, nikasema ndiyo.

Nilikuta kazi imepanuka. Vijana watatu kutoka Ifakara wanakuja na simu nzuri, kigoda cha kuishikia, na taa ya duara. Kiongozi wao ni kijana wa rika langu, alimaliza kidato cha nne, anaendesha bodaboda siku za kawaida na vichekesho ndiyo ndoto yake. Si mtu mbaya, nataka hilo lieleweke. Kila siku ya kazi anampa Bibi shilingi 5,000, na mtoto anapata soda na maandazi. Kwa pesa hiyo Bibi alikuwa amenunua madaftari, viatu vya shule na dawa zake za presha. Dada yangu yuko Mbagala, anauza chakula, na kutuma hela nyumbani kila mwezi ni kwa kudra ya Mungu. Kwa hiyo mtoto wa miaka 10 alikuwa anachangia nyumba, na alijua anachangia. Alikuwa anatembea kama mwenye nyumba.

Siku ya pili nilihudhuria. Walianza jioni baada ya shule. Kulikuwa na kipande cha mlevi kuanguka kwenye mfereji. Mara ya kwanza taa ilikuwa vibaya, mara ya pili mbuzi alipita, mara ya tatu kijana mmoja alicheka. Mara ya saba mtoto alikuwa anatetemeka kwa baridi na ilikuwa saa 4 usiku. Kesho yake shule. Nikauliza mwalimu wake anasemaje. Bibi akasema mwalimu naye anaipenda, anamwita Mlevi, akisinzia darasani watoto wote wanacheka kwamba pombe haijamtoka.

Usiku ule, nikiwa namkausha miguu, nikamwambia kwa utani, "Hebu nifundishe kulia. Mimi nikijaribu machozi hayatoki."

Akasema, "Hata mimi hayatoki, mama mdogo."

"Mbona kwenye ile ya gogo yalitoka?"

"Ile sikuigiza. Kaka aliniambia mama kagongwa na gari Mbagala."

Nilinyamaza. Yeye akaendelea tu, kama anayesimulia mechi. "Walikuwa wameshaanza kurekodi. Nikalia. Walipomaliza wakaniambia ni uongo, wakanipa soda mbili."

"Wewe ukasemaje?"

"Nikacheka. Wote walikuwa wanacheka."

Muda kidogo baadaye alimwomba Bibi simu. Bibi akanikonyeza: "Siku hizi kadeka huyu. Halali bila kumpigia mama yake." Akapiga. Nikamsikia anauliza, "Mama, uko wapi?" Dada akajibu yuko nyumbani. "Nyumbani ndani?" Ndani. Ndipo akalala.

Nilitoka nje na simu yangu nikaiangalia tena ile video. Niliiangalia bila sauti, kisha na sauti. Pale anapoita "Mama! Mama!" hakuna mlevi pale. Kuna mtoto wa dada yangu. Na chini ya video kulikuwa na maneno ya mamia ya watu, na mojawapo lilikuwa langu, lenye vikatuni vitatu vya kucheka machozi.

Nilifanya alichofundishwa kila mwanafunzi wa chuo: nikaenda kusoma. Nikakuta kwamba hila ile ni ya zamani sana. Mwaka 1931 huko Marekani kulikuwa na filamu iitwayo Skippy, na mtoto aliyeigiza humo, Jackie Cooper, alitakiwa kulia na hakuweza. Mwongozaji alikuwa mume wa dada wa mama yake. Alimfanya mtoto aamini kwamba mbwa wake amepigwa risasi. Machozi yakatoka, na Cooper akapendekezwa kuwania tuzo ya Oscar akiwa na miaka tisa. Alipozeeka akaandika kitabu cha maisha yake, na jina la kitabu ni lile ombi: tafadhali msimpige mbwa wangu risasi. Miaka 50 ilikuwa imepita.

Nikakuta mwingine, Jackie Coogan, yule mtoto aliyeigiza na Charlie Chaplin kwenye The Kid ya 1921. Aliingiza mamilioni ya dola utotoni. Alipokuwa mtu mzima akakuta mama yake na baba yake wa kambo wameshazitumia. Akawashtaki 1938, akaambulia kama dola 126,000. Kelele za kesi ile ndizo zilizoleta sheria ya California ya 1939, inayobeba jina lake mpaka leo. Siku hizi inataka asilimia 15 ya mapato ya mtoto mwigizaji iwekwe mahali ambapo mzazi hawezi kuigusa.

Na sisi tuna yetu. Sheria ya Mtoto ya mwaka 2009 inasema mtoto ni mtu chini ya miaka 18. Umri wa chini wa kuajiriwa ni miaka 14, tena kazi nyepesi isiyomdhuru wala kuvuruga masomo yake. Mtoto hafanyi kazi kati ya saa 2 usiku na saa 12 asubuhi. Na akifanya kazi ana haki ya ujira unaolingana na kazi aliyoifanya. Nilisoma vifungu hivyo nimekaa kwenye lile gogo.

Nikampigia dada. Nilianza na machozi, nikamwambia chote. Alikaa kimya muda mrefu. Kisha akalia kidogo, kisha akakasirika, lakini si kwa namna niliyoitegemea.

"Huyo kijana nitampigia mwenyewe. Ila wewe usinisomee sheria. Wewe ukiwa na miaka kumi ulikuwa wapi mwezi wa tano? Si ulikuwa kwenye dungu unaamia ndege, wiki tatu hujaingia darasani? Nani alikuja na sheria?"

Wanaotoka kwetu wanalijua jambo hili. Mpunga ukianza kutoa masuke, kwelea wanashuka kama wingu, na mtoto ndiye anayepelekwa shambani. Unakaa juu ya dungu na kopo na kombeo, unapiga kelele tangu alfajiri mpaka jua lizame. Niliamia ndege tangu darasa la pili. Madaftari yangu ya mwezi wa tano hayakuwahi kujaa. Ni kweli hakuna aliyekuja.

Nilikaa na swali lile siku mbili, maana ni swali la haki. Siwezi kuandika hapa kwamba uigizaji ni mbaya na shamba ni zuri kwa kuwa shamba ni la mababu. Jibu nililolipata ni dogo. Kwenye dungu nililia mara nyingi, kwa njaa, kwa upweke, kwa kuogopa nyoka, na mama alikuwa dungu la pili. Nikilia aliita jina langu. Mtoto wetu alilia mbele ya watu wazima watatu na hakuna aliyemwita jina lake, kwa sababu wote walikuwa wanataka kilio kiendelee. Na sisi wa nyuma ya simu tulitaka hivyo hivyo. Kila mtoto mwigizaji anapewa mtu wa kumwambia "anza". Kinachokosekana ni mtu ambaye kazi yake ni kusema "imetosha, kalale". Jenifa wetu wa bandani alikuwa naye? Lulu alikuwa naye? Sisi watazamaji hatukuuliza, na mimi sikuuliza hata kwa mtoto wa tumbo moja na langu.

Basi nikachana karatasi ya daftari nikaandika masharti matano. Siku za shule hakuna kurekodi. Mwisho saa 12 jioni. Mtu mzima wa nyumbani awepo, na akisema basi ni basi. Nusu ya pesa iende kwenye kibubu cha mtoto. Asidanganywe kamwe ili alie. Akishindwa kulia, waandike hadithi nyingine.

Kijana alisoma akiwa ameegemea bodaboda. Alipofika la tano akashusha macho. "Sista, siku ile sikuwaza," akasema. "Niliona kwenye mtandao wenzetu wanafanya hivyo." Nikamwamini. Akapiga picha ile karatasi, akatania kwamba nimeleta mkataba wa Hollywood Namawala, akasema watakaa kama timu. Hawakurudi. Baada ya wiki mbili nikaona kichekesho chao kipya. Koti ni lile lile, ndevu za mkaa ni zile zile. Mtoto ni mwingine, mdogo kuliko wetu. Sijui wa nani. Nilimwandikia yule kijana, akasoma, hakujibu.

Bibi hakunilaumu kwa maneno. Alisema tu, "Dawa zimebaki za siku nne, mjukuu wangu," akaendelea kupepeta mchele. Pesa ya dawa niliitoa kwenye akiba ya boom, na ya mwezi unaofuata bado naitafuta.

Mtoto mwenyewe hakuniongelesha siku tatu. Ya nne akaniambia, "Mama mdogo, umeniharibia." Sikubisha. Alikuwa anapenda kazi ile, na alikuwa anaiweza kweli. Hilo ndilo linaloniuma. Kipaji chake hakikuwa uongo. Wangemsubiri, angejifunza kulia mwenyewe.

Jumamosi moja tulikwenda wote kwenye shamba la bondeni, ambako mpunga ulichelewa na kwelea walikuwa bado wanasumbua. Nilikuwa dungu moja, yeye lingine. Kundi likashuka. Nikamsikia anasafisha koo, kisha akapaza sauti nyembamba, ya puani, yenye Kiswahili cha darasani: "Sharti la tatuuu! Mtu mzima wa nyumbani aweeepo!" Alikuwa ananiigiza mimi, mpaka namna ninavyosukuma miwani. Ndege wakaruka wote. Nilicheka mpaka nikashika nguzo ya dungu, na yeye alipoona nacheka akaendelea, la nne, la tano, mpaka upande wake ukabaki hauna ndege hata mmoja.

Niliporudi chuoni niliandika kwenye kundi la darasa nikieleza ilivyokuwa, nikaomba kila mtu aifute ile video. Wengi walifuta. Lakini kitu kikishatoka kwenye simu yako si chako tena. Wiki iliyopita kwenye foleni ya chakula binti mmoja wa mwaka wa kwanza alinigusa bega, anacheka, akanisogezea simu. "Dada, umeshamwona huyu mtoto? Anajua kulia huyu!"

Nikamwambia alichokuwa ameambiwa. Kicheko chake kikaisha, akasema "Jamani," akabaki ameshika simu. Kwenye kioo video ilikuwa imeshaanza tena yenyewe, na mtoto wetu alikuwa anatokea mlangoni na koti lake, hajajua bado.